"Pale Inapobidi": Historia ya Maagizo Yasiyo Wazi katika Uandishi Upya wa Matini za Kiswahili, 1925–1970

Ikisiri

Makala haya yanachunguza namna ambavyo maagizo ya kubadilisha maneno ya matini kwa visawe vyake yalivyotolewa, yalivyofasiriwa na yalivyotekelezwa katika historia ya usanifishaji wa Kiswahili. Matukio manne yanajadiliwa: majukumu ya Kamati ya Lugha ya Kiswahili ya mwaka 1930, tafsiri ya Biblia ya Karl Roehl ya mwaka 1937, Biblia ya Muungano ya mwaka 1952, na agizo la serikali ya Tanzania la Januari 1967. Inadaiwa kwamba katika kila tukio agizo lilinyamaza juu ya mambo yaleyale: upeo wa mabadiliko, kigezo cha kuchagulia, kisichoguswa, na mwenye kauli ya mwisho. Pengo hilo lilizibwa na imani ya mtekelezaji kuhusu Kiswahili ni cha nani. Makala yanahitimisha kwa mapendekezo kwa nchi ambazo sasa zinaandaa vitabu na nyaraka za Kiswahili kwa kurekebisha matini zilizoandikwa kwingine.

1. Utangulizi

Mhariri anayepewa matini na kuambiwa abadilishe maneno yake bila kubadilisha maana huwa amepewa kazi ambayo kwa juu inaonekana nyepesi. Atafungua kamusi, atatafuta neno lililo karibu, ataliweka mahali pa lile la awali. Ugumu hujitokeza anapoketi kuifanya. Je, kila neno libadilishwe, au yale magumu tu? Magumu kwa nani? Istilahi za fani nazo zimo? Je, majina ya vyeo? Na ikiwa visawe viwili vinalingana katika sentensi moja na kutofautiana katika nyingine, afuate upande upi?

Wanaisimu wamekwisha kueleza kwamba visawe kamili ni adimu katika lugha yoyote. Kamusi ya Visawe ya Mohamed A. Mohamed na Said A. Mohamed, iliyotolewa mwaka 1998, ni nyenzo yenye manufaa makubwa, lakini mtumiaji wake mwangalifu hutambua upesi kwamba maneno yaliyowekwa pamoja hayawezi kubadilishana nafasi kila mahali. "Kunena" na "kusema" yanakaribiana sana. Hata hivyo, kunena juu ya mtu si lazima kuwe kumsema. Hali kadhalika, "kutenda" na "kufanya" yanatajwa pamoja, lakini mtu hutenda dhambi na kufanya biashara, na anayepindua maneno hayo hueleweka kwa shida au huchekwa.

Makala haya hayakusudii kurudia mjadala wa kinadharia kuhusu sinonimia. Yanauliza swali la kihistoria: pale ambapo taasisi zenye mamlaka zimeagiza matini za Kiswahili ziandikwe upya kwa maneno mengine, agizo hilo lilisema nini, lilikaa kimya juu ya nini, na kimya hicho kilifasiriwaje? Swali hili lina uzito kwetu sisi wa Uganda na majirani zetu wa Rwanda na Burundi, kwa sababu kiasi kikubwa cha vitabu na nyaraka tutakazohitaji hakitaandikwa upya kuanzia ukurasa wa kwanza. Kitachukuliwa kutoka kwingine na kurekebishwa.

2. Majukumu ya Kamati ya mwaka 1930

Mkutano wa elimu uliofanyika Dar es Salaam mwaka 1925 ulizungumzia haja ya kuwa na Kiswahili cha namna moja katika vitabu vya shule vya Tanganyika. Mwaka 1928, mkutano wa Mombasa, ambao Profesa Carl Meinhof alihudhuria, ulikubali kwamba Kiunguja kiwe msingi wa lugha hiyo. Tarehe 1 Januari 1930 Kamati ya Lugha ya Kiswahili ya Afrika Mashariki ilianza kazi, ikihudumia Tanganyika, Kenya, Uganda na Zanzibar. Frederick Johnson alikuwa katibu wake wa kwanza hadi alipofariki mwaka 1937.

Orodha ya majukumu ya Kamati inastahili kusomwa kwa makini, kwa kuwa humo ndimo mlimo mzizi wa jambo tunalolijadili. Kamati ilitakiwa kusanifisha othografia, kuleta ulinganifu katika matumizi ya maneno yaliyopo na mapya kwa kadiri iwezekanavyo, kuwatia moyo waandishi ambao Kiswahili ni lugha yao ya kuzaliwa, kushughulikia marekebisho ya lugha ya vitabu vilivyokwisha kuchapwa pale inapobidi, na kuchunguza Kiswahili cha miswada kabla ya kuchapwa na kukisahihisha pale inapobidi.

Maneno mawili yanahitaji kupimwa: "kadiri iwezekanavyo" na "pale inapobidi". Yote mawili yanaacha mlango wazi. Ulinganifu uwezekanao ni kiasi gani? Na nani anayesema kwamba sasa imebidi? Orodha haikutaja kigezo. Wala haikueleza jinsi jukumu la kumtia moyo mwandishi mzawa lingesimama pamoja na jukumu la kumsahihisha. Mwandishi wa Mombasa au wa Lamu aliyeleta mswada wake alikuwa ndani ya vifungu vyote viwili kwa wakati mmoja: alistahili kutiwa moyo kwa kuwa lugha ni yake, na alistahili kusahihishwa kwa kuwa lugha yake haikuwa Kiunguja.

Ikumbukwe pia kwamba katika miaka yake ya kwanza Kamati haikuwa na mjumbe Mwafrika. Uamuzi wa lini imebidi ulikuwa mikononi mwa watu waliojifunza Kiswahili ukubwani, wengi wao maofisa wa elimu na wamisionari. Hoja hapa si kwamba hawakuijua lugha. Johnson alitunga kamusi ya Kiswahili kwa Kiswahili iliyotoka mwaka 1935, na kamusi sanifu za mwaka 1939 zimejengwa juu ya kazi yake. Hoja ni kwamba agizo lililokuwa pana liliwakuta wenye kalamu wakiwa na wazo tayari kuhusu Kiswahili safi, na wazo hilo likawa ndilo tafsiri ya agizo.

3. Lahaja si orodha ya visawe

Namna ya kwanza ya kulifasiri agizo ilikuwa kuzichukulia lahaja kama orodha ya visawe. Neno la Kimvita huondolewa, la Kiunguja huwekwa. "Ndia" inakuwa "njia", "nti" inakuwa "nchi", "mato" yanakuwa "macho". Katika kitabu cha kilimo au cha afya, badiliko la aina hii halimwumizi mtu. Maana inabaki palepale na msomaji wa bara anasaidika.

Katika ushairi hali ni nyingine. Chukulia ubeti ambao vina vyake vya mwisho ni "to", na mshororo mmoja unakamilika kwa neno "mato" huku mingine ikikamilika kwa "pato", "zito" na "moto". Mhariri akiandika "macho", mizani haipungui, kwa kuwa maneno yote mawili yana mizani miwili. Lakini kina kimevunjika, na pamoja nacho sheria ya utungo mzima. Ili kukirudisha, itamlazimu abadilishe mishororo mingine mitatu, na hapo hatakuwa tena anabadilisha neno. Atakuwa anatunga shairi jingine kwa jina la mtu mwingine. Isitoshe, Kimvita hutofautisha aina za sauti "t" ambazo othografia iliyotokana na Kiunguja haikuwa na alama za kuzionyesha, kwa hiyo hata kuandika tu kwa hati sanifu kulifuta tofauti aliyoisikia mtunzi.

Inafaa kutambua kwamba walikuwapo wahariri waliolielewa jambo hili wakati uleule. Mwaka 1940 diwani ya Muyaka bin Haji, mshairi wa Mombasa wa karne ya 19, ilichapwa na Chuo Kikuu cha Witwatersrand chini ya uhariri wa William Hichens, na lugha yake ikabaki Kimvita. Kwa hiyo mpaka baina ya matini inayoweza kubadilishwa na isiyoweza ulijulikana na wataalamu. Tatizo ni kwamba haukuandikwa ndani ya agizo, na kila mhariri aliuchora alipopenda.

Malalamiko ya watu wa pwani yalidumu. Shihabuddin Chiraghdin na Mathias Mnyampala, katika Historia ya Kiswahili ya mwaka 1977, waliitazama kazi ya Kamati kwa jicho la waliosahihishwa. Mwenye lugha anapoambiwa kwamba maneno yake yamebadilishwa kwa yaliyo sawa nayo, halafu asiisikie tena sauti yake, ana haki ya kuuliza usawa huo ulipimwa na nani.

4. Roehl na Broomfield: kisawe kama msimamo

Tukio la pili linaonyesha agizo likifasiriwa kwa upande mwingine kabisa. Karl Roehl, mmisionari Mjerumani ambaye sarufi yake ya Kishambala ilichapwa mwaka 1911, alishika kazi ya kutafsiri Biblia kwa Kiswahili ambacho wakristo wa bara wangekielewa. Agano Jipya lake lilitoka mwaka 1930 na Biblia nzima mwaka 1937. Lengo la kueleweka bara halikuwa na utata. Njia ya kulifikia ndiyo iliyoachwa wazi, na Roehl aliizibia nafasi hiyo kwa nadharia: kwamba maneno yenye asili ya Kiarabu ndiyo kizuizi, na kwamba dawa ni kuyaondoa na kuweka maneno ya Kibantu mahali pake.

Mfano mmoja unatosha. Mahali pa "nabii", Roehl aliweka "mfumbuaji". Neno hili lina umbo la Kibantu lisilo na dosari. Kitenzi "kufumbua" kinajulikana: mtu hufumbua macho, hufumbua fumbo. Lakini nabii, kama wasemaji wa Kiswahili walivyolielewa neno hilo kwa karne nyingi, ni mtu aliyeteuliwa na kupewa habari kutoka kwa Mungu awafikishie watu. Mfumbuaji ni afunguaye kilichofungwa. Mmoja anapewa, mwingine anagundua. Msomaji wa bara aliyekusudiwa kurahisishiwa alipewa neno ambalo ilimlazimu afundishwe upya, na msomaji wa pwani alinyang'anywa neno aliloshirikiana na jirani yake Mwislamu.

G. W. Broomfield wa misheni ya UMCA alimjibu Roehl katika jarida la Africa kati ya mwaka 1930 na 1931. Kiini cha hoja yake kilikuwa kwamba maneno hayo, yawe yalitoka wapi, yalikwisha kuwa Kiswahili, na kwamba lugha haigeuzwi kwa matakwa ya mtaalamu anayepima asili ya neno badala ya matumizi yake. Historia imempa haki kwa sehemu kubwa: "nabii" limebaki, na "mfumbuaji" kwa maana ile halitumiki nje ya tafsiri hiyo. Hata hivyo tusimdharau Roehl. Swali lake, kwamba Kiswahili cha vitabu kinamfaa nani, lilikuwa la haki, na wengi wa wasomaji wa bara walikuwa kweli hawayajui maneno mengi ya pwani. Kosa lilikuwa kuichukua asili ya neno kama kigezo cha wepesi wake. Neno la Kibantu lisilosikika popote ni gumu kuliko neno la Kiarabu linalosikika sokoni kila siku.

5. Biblia ya Muungano

Makanisa yaliyotumia Kiswahili yalikuwa na matoleo tofauti: lile la Kiunguja, lililotokana na kazi iliyoanzishwa na Askofu Edward Steere na kukamilika mwaka 1891, na lile la Kimvita lililotumika Mombasa. Kazi ya kuyaunganisha ilitoa Agano Jipya mwaka 1950 na Biblia nzima mwaka 1952. Kwa jina lake tu, "muungano", kazi hii ilikuwa agizo la kuchagua baina ya visawe maelfu kwa maelfu.

Jambo la kuzingatia katika kazi hii ni kwamba matini ya chanzo ilikuwapo. Palipotokea shaka baina ya neno la Unguja na neno la Mvita, watafsiri waliweza kurudi kwenye Kiebrania na Kiyunani wakauliza ni lipi linalobeba maana iliyokusudiwa. Kisawe hakikupimwa kwa neno lililoondolewa pekee. Kilipimwa kwa kitu cha tatu kilicho nje ya maneno yote mawili. Naona hapa somo kubwa kwa wahariri wa leo, ambao mara nyingi hupewa matini ya Kiswahili iliyotafsiriwa kutoka Kiingereza na kuagizwa wairahisishe bila hata kuonyeshwa matini asilia.

6. Agizo la Januari 1967

Tarehe 4 Januari 1967 Rashidi Kawawa, Makamu wa Pili wa Rais wa Tanzania, aliagiza kwamba shughuli zote za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili, na kwamba matumizi ya Kiingereza au lugha nyingine ya kigeni pasipo ulazima yakome. Mwaka huohuo Baraza la Kiswahili la Taifa liliundwa kwa Sheria Na. 27.

Tunakutana tena na msamiati uleule. Kamati ya 1930 ilisahihisha "pale inapobidi". Maofisa wa 1967 waache Kiingereza "pasipo ulazima". Uamuzi wa lini pana ulazima uliachiwa kila idara. Palipokosekana neno lililokubaliwa, kila ofisi ilitafuta lake, na moja ya kazi kubwa za Baraza ikawa kukusanya na kutoa tafsiri zilizokubaliwa za vyeo, ofisi na istilahi. Kwa maneno mengine, agizo lilitangulia na maelezo yake yakafuata nyuma.

Sheria ndiyo iliyoonyesha hatari ya mwendo huo. Mwaka 1965 A. B. Weston, mkuu wa Kitivo cha Sheria cha Dar es Salaam, alikwisha kuandika katika jarida la Swahili kuhusu ugumu wa kuipatia sheria msamiati. Katika mazungumzo ya kawaida, "mtuhumiwa" na "mshtakiwa" hubadilishana bila neno. Mbele ya mahakama, wa kwanza anashukiwa tu na wa pili amekwisha kufunguliwa shtaka. Mhariri anayeepuka kurudia neno moja kwa ajili ya uzuri wa mtindo, akaandika moja katika aya ya kwanza na jingine katika ya pili, amembadilishia mtu hadhi yake ya kisheria. Vivyo hivyo "lazima", "inafaa" na "inaweza": kuyachanganya katika kanuni ni kubadilisha wajibu kuwa ushauri.

7. Mwandishi anapojirekebisha mwenyewe

Kipo kielelezo kimoja cha kipindi hicho kinachosaidia kulinganisha. Julius Nyerere alichapisha tafsiri yake ya tamthilia ya Shakespeare kwa jina Julius Caezar mwaka 1963, kisha akairekebisha na kuitoa tena kama Juliasi Kaizari mwaka 1969. Hapa mwenye kuagiza, mwenye kutekeleza na mwenye matini walikuwa mtu mmoja. Alijua alichokusudia mara ya kwanza, kwa hiyo alijua lipi linaweza kubadilishwa. Mhariri wa matini ya mwingine hana ujuzi huo, na hawezi kuupata kwa kubahatisha. Anapaswa kuupewa na anayemwagiza.

8. Mafunzo kwa sera ya leo

Uganda ina sababu yake ya kuikumbuka historia hii. Kamati yenyewe ilikuwa na makao Makerere kati ya mwaka 1952 na 1962, kabla ya kuhamia Mombasa na baadaye Dar es Salaam, ambako iligeuka kuwa Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili. Marekebisho ya Katiba ya mwaka 2005 yalifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili, itumike katika mazingira yatakayowekwa na Bunge kwa sheria. Mwaka 2022 Baraza la Mawaziri liliridhia hatua za kukieneza, pamoja na kukifundisha shuleni. Rwanda ilikifanya kuwa lugha rasmi mwaka 2017. Utekelezaji wa maamuzi haya utapita katika meza za wahariri.

Wahariri hao watakutana na matini za Tanzania na za Kenya. Watakuta "kompyuta" huku na "tarakilishi" kule, na hapo wana visawe halisi. Wachague kimoja na kukishika. Lakini watakuta pia "mkoa" huku na "kaunti" kule. Hayo si visawe. Kaunti ya Kenya ina serikali yake iliyochaguliwa na bunge lake. Mkoa wa Tanzania Bara una mkuu aliyeteuliwa na Rais. Kubadilisha moja kwa jingine ni kubadilisha katiba ya nchi ndani ya sentensi. Na mhariri wa Uganda anayelazimika kuandika kuhusu wilaya za kwetu hatasaidiwa na lolote kati ya hayo mawili.

Kutokana na matukio tuliyoyapitia, napendekeza kwamba taasisi yoyote inayoagiza matini ya Kiswahili iandikwe upya iambatanishe na agizo maelezo mafupi ya maandishi yanayojibu maswali manne. Kwanza, upeo: ni maneno ya aina gani yanayobadilishwa? Pili, kigezo: je, neno jipya linachaguliwa kwa kuwa linasikika zaidi na wasomaji wanaolengwa, kwa kuwa limesanifishwa, au kwa sababu nyingine? Asili ya neno peke yake isiwe kigezo. Tatu, mipaka: istilahi za sheria, afya na utawala, majina ya taasisi, pamoja na kazi za fasihi zenye mwandishi anayejulikana, ziorodheshwe kama visivyoguswa bila idhini. Nne, mamlaka: nani huamua palipo na shaka, na mwandishi wa awali au matini asilia hupatikana wapi?

Pale ambapo agizo limekuja bila maelezo haya, mhariri asione haya kuuliza kabla ya kuanza. Akilazimika kuendelea bila jibu, aandike alivyolifasiri agizo na kukiambatanisha kielezo hicho na kazi yake, ili anayekagua ajue ni neno gani lilibadilishwa kwa uamuzi wa nani. Mabadiliko yaliyofanywa kimya kimya katika miswada ya miaka ya 1930 hayawezi leo kufuatiliwa pale ambapo mswada wa awali haukuhifadhiwa.

9. Hitimisho

Makala yameonyesha kwamba kutokuwa wazi kwa maagizo ya kuandika upya matini ni tatizo la muda mrefu katika historia ya Kiswahili sanifu, na kwamba halikutokana na uvivu wa watekelezaji. Kamati ya 1930, Roehl na maofisa wa 1967 walifanya kazi kwa bidii. Kila mmoja aliliziba pengo la agizo kwa kile alichoamini kuhusu lugha: kwamba Kiunguja ndicho kipimo, kwamba Ubantu ndio usafi, kwamba neno lolote la Kiswahili ni bora kuliko la Kiingereza. Watafsiri wa Biblia ya Muungano walikuwa na nafuu kwa kuwa walikuwa na kitu cha kurejelea nje ya maneno yenyewe. Nchi zinazoanza sasa kujenga maktaba zao za Kiswahili zina nafasi ya kuwapa wahariri wao nafuu hiyo tangu mwanzo, na gharama yake haizidi ukurasa mmoja wa maelezo kwa kila matini.